Mirija ya Friji Chini ya Kiti cha Papa

Mpaka leo sielewi kwa nini betri inapata moto. Nimefundisha shule ya msingi miaka mingi. Nimewaeleza watoto mvuke, barafu, na namna chuma kinavyotanuka, na siku ya inspekta darasa langu lilisifiwa. Lakini sanduku lisilo na mkaa wala petroli ndani, lisilotoa moshi, lililokaa pale kimya, halafu ukiligusa likuunguze mkono, hilo limenishinda. Nimeelezwa mara tatu na mtu anayejua. Mara zote tatu niliitikia kwa kichwa na kubaki na giza langu.

Aliyenieleza ni fundi wa umeme wa mtaa wetu wa Mususa, rafiki mkubwa wa papa, baba yangu. Nasema rafiki, ingawa mpita njia aliyewasikia angedhani wanatafuta fimbo za kupigana. Papa alikuwa ameendesha lori kati ya Butembo na Beni zaidi ya miaka ishirini, na kwake gari ni kitu kinachonguruma na kunuka mazutu, yaani dizeli. Fundi aliona injini ya mazutu ni ushamba. Mmoja Mkatoliki, mwingine Mprotestanti, kwa hiyo hata Jumapili hawakukosa la kubishania. Mama yangu alikwisha kufa, na mimi binti wa pekee niliyekuwa nimebaki nyumbani nilikuwa mwamuzi wao. Sikuwa mwamuzi mzuri, maana nilikuwa na hasira za karibu na nilimpendelea papa.

Wakati huo ulikuwa wa vita. Ya pili, au ile ya kwanza iliyokuwa haijaisha, sijui. Tuliokuwa ndani yake hatukuzihesabu. Wiki hii mjini walikuwa askari wa huyu, wiki ijayo wa yule. Waliposhuka wengine kutoka msituni tuliambiwa hao ndio wetu, kisha tukaambiwa sio. Asubuhi nikitoka kwenda shule nilimuuliza jirani leo tunasalimia nani, naye alinijibu kwa dhati kabisa kwamba hajui.

Katikati ya vurugu hiyo papa alikuwa na kidonda. Jeki iliteleza akibadilisha tairi, rimu ikamkwangua muundi wa mguu wa kushoto. Ni kidonda ambacho mtu mwingine angekisahau baada ya wiki mbili, lakini papa alikuwa na sukari, na kidonda kikaanza kula ndani. Hospitali ilikuwa juu ya kilima, ng'ambo ya bonde letu. Walimlaza siku chache, halafu majeruhi wakajaa hadi kwenye varanda, na wagonjwa walioweza kulala makwao wakarudishwa. Daktari alinivuta pembeni na kuniambia waziwazi: kidonda kisafishwe na kufungwa upya kila baada ya siku moja, hapohapo hospitalini penye dawa, mguu utapona. Tukikosa zamu, ataukata.

Basi kazi yangu ikawa moja, kumpandisha papa kilima kila baada ya siku moja. Zamani lingekuwa jambo dogo. Kwetu mgonjwa hubebwa kwa kipoyi, kitanda cha miti mabegani mwa wanaume, na mtaa mzima hupokezana. Lakini siku zile wanaume wanne hawakuthubutu kuonekana pamoja barabarani mchana. Askari waliwakusanya na kuwatwisha masanduku ya risasi, na wengine hawakurudi. Wenye pikipiki walizifukia au walinyang'anywa. Mazutu ilikuwa ya wenye bunduki. Papa mwenyewe alikuwa mtu mzito, na mimi mwembamba. Mara ya kwanza tulipanda kwa miguu, yeye ameniegemea, tukatumia asubuhi yote, na tulipofika bandeji ilikuwa imelowa damu hadi kisiginoni.

Hapo ndipo fundi alipokumbuka kigari. Kilikuwa katika depo ya kahawa iliyofungwa, mwenyewe amekimbia, mlinzi amebaki na funguo. Ni kijukwaa chenye magurudumu manne na usukani mfupi, cha kuhamishia magunia, kinachokwenda kwa betri. Betri zake zilikuwa zimekufa. Fundi alizitoa na kuweka betri za malori yaliyolala bila kazi, kila moja na umri wake na ugonjwa wake, na kuzichaji kwenye turbini ndogo ya maji ya paruasi, yaani parokia, iliyokuwa ikisaga mahindi. Juu ya jukwaa akafunga kiti cha lori kwa ajili ya papa. Kikatembea. Hakikutoa sauti yoyote isipokuwa mchanga chini ya magurudumu, na papa aliyekaa juu yake alifanya uso wa mtu aliyevalishwa gauni.

Kwenye uwanda kilikwenda vizuri. Kwenye mlima kilipanda nusu, kikachoka, kikasimama. Fundi aligusa betri na kuondoa mkono haraka, na harufu kali ikatoka kwenye vifuniko. Papa akacheka kwa kuridhika. Alisema sasa ndiyo gari, maana limechemka. Nilimwambia acheke vizuri kwa sababu tutateremka kwa miguu, na kweli tuliteremka kwa miguu.

Hiyo ndiyo mara ya kwanza fundi kunieleza. Mlima unadai nguvu nyingi kwa mara moja, alisema, betri inalazimishwa kuitoa, na katika kulazimishwa huko inapata moto ndani kwa ndani. Moto ukizidi inavimba, inapasuka. Nikauliza kwa nini isimwagiwe maji juu, kama papa alivyomwagia injini mtoni. Wote wawili walinitazama, na kwa mara moja katika maisha yao walikubaliana: maji juu ya betri ni kutafuta msiba. Maji yapite kati yao bila kuzigusa, fundi alisema. Sikuelewa maji yatapitaje mahali bila kupagusa, lakini nilikuwa na haraka ya mguu na sikuuliza.

Aling'oa mirija ya shaba nyuma ya friji iliyokufa, myembamba, naweza kusema unene wa penseli. Akaipinda kwa subira ya ajabu, akaipitisha huku na huku katikati ya betri, akaifunika kwa mpira wa ndani wa tairi ili isiguse nyaya. Mpira wa kuzuia umeme ulibidi uwe mwembamba sana, alisema, ili joto lipite. Nyuma ya kiti, juu kabisa, akafunga dumu la maji. Kipampu kidogo kinachorusha maji kwenye kioo cha lori kilisukuma maji hayo kwenye mirija, na mbele yakapita katika rejeta ndogo iliyotoka kwenye hita ya gari moja la misheni, yakapoa kwa upepo, yakarudi dumuni. Papa alitazama kazi yote akiwa amenyoosha mguu kwenye stuli. Mwisho alisema kwamba kwa hiyo mwenzake, baada ya kutukana rejeta miaka yote, ametengeneza rejeta. Fundi alikwenda kujaza dumu maji.

Kilipanda. Kilipanda polepole kuliko bibi kizee mwenye mzigo, lakini kilifika juu. Mimi nilitembea pembeni na jiwe mkononi la kuzuia gurudumu, fundi alishika usukani, papa amekaa juu na kofia yake ya udereva, akitoa amri za gia ambazo hazikuwepo. Tulipofika nilipeleka mkono kwenye betri, nikakuta vuguvugu tu, kama maji ya kuogesha mtoto. Mwezi mzima tulikwenda hivyo. Daktari alianza kunionyesha nyama nyekundu pembeni ya kidonda na kusema hiyo ni nzuri. Sikuona uzuri wowote, lakini nilifurahi. Nilifurahi sana, na nilijua kuendesha sasa, maana fundi alinifundisha, huku akinieleza mara ya pili kwa nini betri inapata moto.

Halafu askari wakaanza kukusanya wanaume nyumba kwa nyumba, na fundi akakimbilia Vuhovi, kwenye mashamba ya ndugu zake. Aliniachia kigari na neno moja, nisiguse kitu. Kesho yake asubuhi, siku ya kwenda kufunga kidonda, nilikuta tone la maji chini. Kiungo kimoja cha mirija kilikuwa kinavuja. Tone, kisha tone. Niliinama pale nikahesabu saa za kupanda, nikaona dumu litaisha kabla ya kilele na betri zitapasuka chini ya papa.

Kila mtoto wa dereva kwetu anajua dawa ya rejeta inayovuja. Barabara ya Beni ilikuwa na mashimo ya kuzika ng'ombe, rejeta zilipasuka kila safari, na hakuna mtu aliyebeba gundi. Walibeba unga wa muhogo. Unatia viganja viwili, injini inachemka, unga unaiva na kuziba tundu, unafika nyumbani. Nilimwona papa akifanya hivyo nikiwa mdogo, nimekaa mbele naye, na yeye mwenyewe alinipa mara moja nimimine. Sikufikiri mara mbili. Niliingia jikoni nikatoka na viganja viwili, nikapanda juu ya jukwaa, nikamimina dumuni, nikakoroga kwa mwiko. Papa alikuwa mlangoni ananyoa ndevu kwa kioo kidogo. Sijui kama aliniona. Baada ya dakika chache tone liliacha kudondoka, nami nilijisifu moyoni kwamba mimi ni binti wa baba yangu.

Tulifika nusu ya mlima. Kipampu kilikuwa kimeanza kulia kwa sauti nyembamba, nami nikadhani ni ndege. Kisha kikanyamaza. Nilinusa ile harufu, nikaweka jiwe chini ya gurudumu, na nilipokuwa nazunguka nyuma nikasikia mlio wa kitu kinachopasuka, na maji makali ya betri yakatiririka kwenye vumbi na kufanya povu. Papa aliteremka mwenyewe, nisijue kwa nguvu gani. Tulikaa kando ya barabara. Askari walipita, mmoja akauliza kwa Kilingala kama hilo ni gari au kitanda, wakacheka, wakaendelea. Ilibidi turudi chini, kwa sababu chini kulikuwa karibu zaidi.

Siku zile zilizofuata sizielewi hata sasa. Papa hakuweza tena kuukanyagia ule mguu. Nilituma neno Vuhovi. Niliomba pikipiki kwa watu ambao nilijua hawana. Nilifunga kidonda mwenyewe kwa maji ya chumvi, na kila nilipofungua kitambaa kilikuwa na rangi nyingine. Siku ya tisa papa alikuwa na homa na ananiita kwa jina la mama. Mwanamke mmoja wa jumuiya yetu ya kanisa aliingia kumsalimu, akamtazama, akatoka bila kuaga, akarudi na wanawake saba na kipoyi. Wanawake hawabebi kipoyi kwetu. Ni kazi ya wanaume, na papa angekataa kama angekuwa na akili zake. Walimpandisha mpaka juu kwa muda usiozidi misa moja ndefu. Nilitembea nyuma yao nikilia kwa hasira, maana walikuwepo tangu siku ya kwanza, na hakuna aliyewawaza, hata mimi, hata wao.

Daktari alisema ataukata mguu kesho. Jioni hiyohiyo, jua likiwa bado lipo, fundi alifika hospitalini kutoka Vuhovi, ana matope hadi magotini. Alikuwa amepitia kigari kwanza. Alikuwa na kipande cha mrija mkononi, akakikung'uta kwenye kiganja chake mbele ya kitanda cha papa, na kikatoka kitu cheupe, kizito. Uji. Alieleza polepole: maji ya lori yanachemka na njia zake ni pana, haya yanapata joto kidogo tu na njia yake ni nyembamba; unga umekaa, umeganda, umefunga njia yote. Kisha akauliza ni nani aliyefanya hivi.

Nilifungua kinywa. Nakumbuka kwamba nilikifungua.

«Ni mimi,» papa alisema. «Ilikuwa inavuya, donc nikatia bunga.»

Fundi alimtazama, akanitazama, akakiweka kile kipande cha mrija kwenye mfuko wa shati, akatoka. Nami nilifunga kinywa changu. Nilijiambia nitasema kesho, mguu ukisha kukatwa, maana usiku ule papa alihitaji kulala. Kesho nikasema keshokutwa.

Papa aliishi miaka sita zaidi kwa mguu mmoja. Alijifunza mkongojo, alijifunza kusuka vikapu, akavisuka vibaya na akaviuza kwa watu waliomwonea haya. Siku nyingi alikaa kibarazani akitazama barabara, na kila pikipiki ikikaribia aliinua shingo. Fundi hakuja. Hakuja Krismasi, hakuja papa alipougua malaria, na baadaye tukasikia amehamia Beni. Nami, nisiyekuwa na haki ya kumkasirikia mtu yeyote juu ya jambo lile, nilimkasirikia yeye. Nilisema mbele ya papa kwamba huo ni urafiki gani unaokatika kwa viganja viwili vya unga. Papa alisema nimwache. Nilisema tena na tena, miaka sita, na kila mara alisema nimwache. Sikumwuliza papa kama anajua kwamba ni mimi. Sikujua kama anajua. Labda aliniona kwa kile kioo cha kunyolea, labda homa ilimchanganya na akaamini kweli ni yeye. Nilikuwa namchunguza uso akila, nikitafuta jibu, naye aliniuliza kama chumvi imezidi.

Alipokufa nilitazama watu wote waliokuja kwenye kilio, na sikumwona fundi. Nilisema basi, huyo nimemfuta.

Miaka kadhaa baadaye nilihamishiwa shule ya Beni. Vita ilikuwa imehama tu, haikuwa imekwisha. Sasa Butembo ndiko watu walikokimbilia. Siku moja mwalimu mwenzangu alinitajia fundi wa mtaa wa Mulekera anayesuka upya mota zilizoungua, mzee mbishi kutoka Butembo. Nilikaa na habari hiyo wiki mbili. Kisha Jumamosi moja nilipanda pikipiki ya taksi, nikaenda kumwambia ukweli, nikiwa nimeupanga kichwani vizuri, sentensi kwa sentensi, na mwishoni nimeweka na lawama yake yeye.

Nilimkuta amezeeka, miwani imefungwa kwa waya wa shaba. Alinipa stuli, akauliza habari za nyumba, akanipa pole ya papa kana kwamba amekufa jana. Nilisema yangu. Nilisema haraka, kwa sababu sentensi zote nilizozipanga zilikimbia: ule unga ni mimi niliutia, papa hakuugusa.

«Nilijuaka tangu siku ile, mama,» alisema. «Lile dumu lilikuwa juu. Mutu mwenye muguu ile hapana weza kulifikia.»

Nilimuuliza basi kwa nini. Kama alijua kwamba papa hana kosa, kwa nini alimwacha miaka sita akitazama barabara? Nadhani nilipiga ngumi kwenye meza yake, maana misumari iliruka. Hakukasirika. Alieleza kwamba alirudi hospitalini siku ya tatu baada ya mguu kukatwa, mimi nilipokuwa nimekwenda kuchota maji. Papa alikuwa macho. Alikuwa ameniona kwa macho yake nikimimina ule unga, na akaona ni sawa, maana hata yeye angefanya vilevile. Kisha papa alimwomba kitu.

«Aliniambia: weye hauwezi kufunga kinywa, tunajuana. Ukikuya kwetu, siku moja tutabishana na utasema. Na huyu mutoto ataona ni ye njo alinikata muguu. Sasa, usikuye tena.»

Alikataa, alisema. Walibishana pale kitandani mpaka muuguzi akaja kuwanyamazisha. Lakini papa alishinda. Fundi alisema alikuwepo kwenye kilio, nyuma kabisa, karibu na migomba ya jirani, na aliondoka kabla sijageuka.

Niliinama kwenye ile stuli, nikaanza kuokota misumari iliyoruka. Nilikuwa nimekuja kutubu na kulaumu, na vyote viwili vilikuwa vimechukuliwa. Nilitaka kumshukuru papa na nilitaka kumgombeza, kwa sauti, kama nilivyozoea, na yeye hayupo. Fundi, ambaye hajawahi kuvumilia ukimya, alianza kunieleza tena kwa nini betri inapata moto. Hiyo ndiyo mara ya tatu. Niliitikia kwa kichwa bila kusikia hata neno moja.

Papa alipoteza mguu kwa sababu yangu, hilo labda, sijui, daktari mwenyewe hakujua. Lakini alipoteza pia rafiki, na hilo najua kwa hakika. Na hakuna hata mmoja wao aliyeniuliza kama nataka kufichwa hivyo. Kama wangeniuliza, ningelia siku moja, siku mbili, ningevunja na sahani, na kisha wangekaa kibarazani waendelee kubishana miaka sita.